Chini ya Kuba la Mwalimu

Mwalimu Yeremia alifariki asubuhi, amekaa kwenye kiti chake sebuleni, na kabla maji ya kumwosha hayajapata moto ndugu zake wa Nansio, kisiwani, walikuwa wamekwisha kupiga simu kuuliza mwili utavuka na meli ya siku gani. Hawakuuliza atazikwa wapi, maana kwao hilo halikuwa swali. Mkewe, Rebeka, aliwasikiliza hadi mwisho, akajibu, "Havuki," akakata simu. Halafu akarudi kuyatazama yale maji.

Baadaye wapo waliosema mama yule ni mkaidi, eti ndivyo Wasukuma wanavyozaliwa. Uongo mtupu, na wanaousema ni walewale waliokula ubwabwa wa msiba wake. Miaka yote ya ndoa Rebeka alikuwa mtu wa "haya" na "sawa". Safari hii alikataa kwa sababu alikuwa ameahidi. Na alikataa kwa sababu ya dada yake, Paskazia, ambaye mumewe alizikwa kijijini kwao, na matanga yalipokwisha shemeji zake wakaja mjini na hoja moja tu: alipozikwa mtu ndipo kwake, na ile nyumba yao ya mjini ilikuwa kibanda cha kikazini tu, mali ya ukoo. Paskazia sasa analala chumba kimoja na wajukuu. Rebeka alikuwa amewahi kumpelekea godoro.

Nyumba ya Mwalimu ilikuwa juu ya mawe, upande wa Ilemela, huko ambako watu wamepachika nyumba zao katikati ya majabali popote palipokubali. Ukisimama mlangoni unaliona ziwa lote, na majira ya wadudu wa ziwani unawaona wanavyoinuka mawimbi kwa mawimbi kama moshi wa mkaa. Kilichofanya watu waijue nyumba hiyo hata wasiomjua mwenyewe ni paa lake. Juu ya sebule Mwalimu hakuweka bati. Aliweka kuba la zege.

Alikuwa amefundisha Kiingereza sekondari maisha yake yote, na ugonjwa wake ulikuwa maneno. Maana peke yake haikumtosha, alitaka na ukoo: neno hili limezaliwa na nani, limeolewa wapi, wajomba zake ni akina nani. Kati ya koo zote za maneno alioupenda ni ule uliozaliwa na nyumba. Aliyepita kwake kuomba maji ya kunywa aliondoka nao kichwani. Warumi wa kale, angesema, walikuwa na nyumba yao, domus, na ndani yake bwana wa nyumba, dominus. Kwa hao wawili Waingereza wakajipatia kijiji kizima: domain, milki ambayo bwana anaitawala, dominion, huo utawala wenyewe, domicile, mahali sheria inapohesabu kuwa ndiko kwako, domestic, mtu wa kazi za nyumbani, au hata mnyama aliyefugwa akatulia. Na dome, kuba, hapo kwanza ilikuwa nyumba ya Mungu yenye paa la duara, mpaka jina la nyumba nzima likabaki kwenye paa.

"Unaona?" alipenda kumalizia. "Mwenye nyumba ndiye mwenye amri, na mwenye amri ndiye mwenye nchi. Ukoo mmoja huo."

"Na mimi ni lipi hapo?" Rebeka alimwuliza siku moja, akichambua dagaa.

"Domestic," akajibu papo hapo, akacheka peke yake. Alipoona mwenzake hacheki akasema anatania, kwamba yeye ni dame, mama mwenye nyumba, naye ni wa ukoo huohuo. Lakini lile la kwanza lilikuwa limeshatoka.

Kiinua mgongo chake chote kiliingia kwenye kuba hilo. Karan, muuza vifaa vya ujenzi wa Mirongo, alipoona Mwalimu ananunua nondo za kukunja duara alimwuliza kwa heshima kabisa kama anajenga msikiti au hekalu, ili amtafutie na rangi. "Najenga nyumba," Mwalimu akasema, kwa hasira ya mtu aliyetukanwa. Majirani waliliita chungu, kwa kuwa kwa mbali lilionekana kama chungu kilichopinduliwa juu ya mafiga. Mchana lilihifadhi joto kama tanuri. Masika lilitoa jasho, na Rebeka alipanda ngazi na dekio kulifuta kwa ndani. Ukikohoa chini yake, kikohozi kilikurudia. Mwalimu aliipenda sauti yake ilivyomrudia pale, akawa haongei tena uani.

Nansio, kwao, hakwenda. Ndugu wakifa alituma rambirambi. Rebeka alipouliza, aliambiwa kuna ugomvi wa ardhi na mdogo wake, Revocatus, basi naye akaacha kuuliza. Ugomvi wa ardhi nani asiyeujua?

Alipougua mara ya mwisho, mchana mmoja alimwita mkewe, akamshika mkono kwa nguvu ambazo Rebeka hakudhani bado anazo.

"Unizike hapa," alisema.

"Hapa nyumbani. Sawa, baba."

"Hapa." Kidole chake kilielekea sakafuni, katikati ya sebule, chini kabisa ya kuba, kikainuka, kikashuka tena palepale. "Usiwape wa Nansio. Ukiwapa mwili, umewapa na nyumba."

Rebeka aliona ni homa inaongea, kwa kile kidole. Lakini maneno ya mwisho hayakuwa ya homa. Yalikuwa ni Paskazia mtupu, na godoro lake.

Basi Revocatus alipofika na wazee wanne wa ukoo, wamevuka na meli ya asubuhi, viatu mkononi kwa ajili ya kupanda mawe, alimkuta Rebeka amejiandaa kama mtu anayengoja wezi. Mwanawe wa kwanza, Nathaniel, anayefanya kazi mgodini Geita, alikuwa pembeni yake.

"Shikamoo baba mdogo," Nathaniel alisema.

"Marahaba. Pole, mwanangu. Pole, shemeji." Revocatus alikuwa mtu mwembamba, mkulima, mwenye uso wa kaka yake uliochomwa na jua. Alikaa, akaweka viatu chini, kisha akasema, "Tumekuja kumchukua kaka."

"Nilimwahidi hatavuka."

"Ahadi ya mgonjwa, shemeji, mtu anaahidi ili mgonjwa alale."

"Mimi niliahidi ili niitimize. Kwake ni hapa. Atazikwa hapa kwake."

Revocatus aliinua macho akaliangalia kuba, akalizungusha jicho hadi chini. "Hapa wapi?"

"Uani."

Pumzi ilimtoka yule mtu, na hata mabega yakashuka. "Uani," alisema. "Kama ni uani, sisi hatuna neno. Wazee, au mnasemaje?" Wazee wakasema hawana neno.

Kushinda kirahisi hivyo kulimtisha Rebeka kuliko ambavyo kugombana kungemtisha. Kikulacho ki nguoni mwako, alijiambia, na akaazimia kutomtoa machoni shemeji yake.

Lakini kuna mwingine ambaye hawakumwuliza neno, naye ni mwamba. Kwa desturi yao mtoto wa kwanza ndiye hupiga jembe la kwanza. Nathaniel aliinua sururu akaishusha nyuma ya jiko, zikaruka cheche. Wakahamia chini ya mpapai, wakapata udongo wa kuzika kuku, kisha mwamba. Wakajaribu penye banda, penye choo cha zamani, penye njia ya kupandia. Vijana wa mtaa walikuja na mitaimbo, wakabadilishana, viganja vikatoka malengelenge, na mpaka jua linaelekea ziwani uwanja mzima wa Mwalimu ulikuwa umechokonolewa na hakuna mahali palipoweza kumpokea hata mtoto mchanga. Mtu aliyeimba milki maisha yake yote alikuwa amenunua jiwe. Wapo vijana waliocheka, na Rebeka aliwasikia.

"Mwamba umekataa," Revocatus alisema, akijifuta jasho. Alisema kwa upole. "Shemeji, tusigombane na jiwe. Twende Nansio. Kama hutaki Nansio, basi makaburi ya mtaa. Sisi tutakuja kupalilia."

Makaburi ya mtaa, kwa watu wasio na kwao. Rebeka aliuangalia uwanja uliotobolewa, akaiangalia nyumba, na hapo akakumbuka jinsi ilivyojengwa. Katikati ya majabali palikuwa na bonde. Mafundi walipandisha kuta za msingi pande zote, kisha malori yakaleta udongo mwekundu, wakajaza, wakashindilia, na yeye mwenyewe alibeba maji ya kuushindilia huo udongo, ndoo kwa ndoo kichwani. Juu yake ndipo ikamwagwa sakafu ya sebule. Udongo wote wa kiwanja kile ulikuwa ndani ya nyumba.

"Ndani kuna udongo," alisema.

Mzee mmoja wa Nansio alivua kofia.

"Shemeji," Revocatus akasema, "ndani usimzike. Nakuomba."

"Kwa nini?"

"Nje popote. Hata njiani. Ndani, usimzike."

"Nimekuuliza kwa nini."

Revocatus aligeuka akatazama mlango, ambako nyuma yake maiti ilikuwa imelazwa. "Bado yumo," alisema kwa sauti ya chini. "Habari za nyumba yake hazisemwi akiwa bado yumo. Akishazikwa nitakwambia, lakini akishazikwa humo hakutakuwa na faida."

Hebu niambie, wewe ungemwamini? Mtu ambaye hukumwona miaka yote ya ndoa yako, anakuja siku ya msiba, anakubali haraka palipo rahisi, na palipo pagumu anakuletea mafumbo. Rebeka alimwona shemeji wa Paskazia amesimama pale, amevaa uso mwingine. Alikuwa pia na kile kidole machoni, kinaelekea sakafuni. Mbona mgonjwa alikuwa ameshasema? Yeye ndiye aliyekuwa hakusikia.

"Vunjeni sakafu," alimwambia Nathaniel.

Mwenyekiti wa mtaa alikuja, akakuna kichwa, akasema kisheria jambo hilo lina utata, na kwa hiyo yeye amekuja kuhani tu, hajaona kitu. Wazee wa Nansio hawakugusa jembe. Walikaa nje juu ya mawe, wamewapa mgongo, mpaka kaburi lilipofikia kimo. Udongo ulichimbika kama unga. Kesho yake katekista aliposoma sala, kuba lilimrudishia kila neno, hata akawa anasita katikati ya sentensi kungoja sauti yake mwenyewe imalize. Wakafunika, wakamwaga zege, wakalisawazisha. Rebeka alilia kwa sauti mbele ya wote, na ndani ya kilio kile, asinilaumu mtu nikisema kweli, kulikuwa na ushindi. Mume wake yuko kwake. Nyumba ni yake. Nani atakuja kumwambia hii ni kibanda cha kikazini?

Siku za matanga aligundua jambo dogo. Watu wa Nansio hawakuingia ndani. Walilala kwa jirani, wakala uani, na mvua iliponyesha walijibanza chini ya upenu na sahani zao. Alidhani wamesusa. Siku ya kuanua matanga, chai ilipokwisha kunywewa, Revocatus alimwomba wakae juu ya jiwe, mbali na mlango, yeye na Nathaniel.

"Sasa naweza kusema," alianza. "Si Wakerewe wote, shemeji. Ni ukoo wetu sisi tu, wengine wanatushangaa. Kwetu mwenye mji akizikwa nje, nyumba inabaki ya walio hai. Akizikwa ndani, nyumba ni yake. Moto unazimwa, mjane anatolewa, mlango unafungwa, na hakuna anayekaa humo mpaka ianguke yenyewe. Babu alizikwa hivyo. Na baba yetu alizikwa hivyo, kwa sababu aliomba. Ni mtu anayeomba mwenyewe. Hazikwi hivyo asiyeomba."

Rebeka aligeuka akautazama mlango.

"Anayemtoa mjane ni mtoto wa kwanza. Kaka alikuwa ameshasoma, ameshabatizwa, anaongea Kizungu na mapadri. Tukadhani atakataa. Mama alidhani atakataa, hata hakufunga mizigo. Akamshika mkono akamtoa, na sufuria moja. Mama alifia kwenye jiko la jirani, masika ya mwaka ule, anakohoa. Mimi nilikuwa mdogo, lakini nilimwambia kaka nisimwone tena, na hakurudi."

"Aliniambia ni ardhi," Rebeka alisema.

"Ardhi ipi? Shamba letu wala halimtoshi mbuzi."

"Nikajua mnataka nyumba."

"Nilitaka azikwe nje ili nyumba ibaki yako." Alisema bila hasira, na afadhali angesema kwa hasira. "Uliposema uani nilimshukuru Mungu. Nikasema, kaka alibadilika."

Nathaniel aliguna. "Baba mdogo, hizi ni imani za zamani. Mama ana hati ya kiwanja. Sheria iko wazi."

"Sheria iko wazi, na mimi simtoi mtu. Nilimwona mama akitolewa, yatosha." Revocatus aliinama akaokota kijiwe, akakizungusha vidoleni. "Nataka kujua kitu kimoja tu, shemeji, nikalale vizuri. Kumzika ndani, ulikuwa ni mwamba uliokulazimisha? Au yeye alisema?"

Rebeka alijua jibu analolitaka yule mtu. Angelimpa, wote wawili wangepona: mwamba ndio wa kulaumiwa, na Mwalimu angebaki mume aliyependa maneno na kujisahau kidogo. Alifungua kinywa kulitoa. Lakini alikiona tena kile kidole, kinene kwa uvimbe wa ugonjwa, hakitetemeki. Mtu aliyekuwa anajua neno lipi limezaliwa na lipi, mpaka kwa Warumi, ndiye angekosa kujua neno lake la mwisho litazaa nini?

"Alionyesha kwa kidole," alisema. "Mara mbili."

Revocatus alikiweka kijiwe chini. "Basi alijua," alisema, akainuka kuwaita wenzake wakawahi meli.

Hapo ndipo maumivu yalipomfikia Rebeka, na hayakuwa ya kufiwa. Aliona ndoo za maji kichwani mwake. Aliona ngazi na dekio. Alikuwa ameogopa mashemeji miaka yote, akamwonea huruma Paskazia, na mtu aliyemnyang'anya nyumba alikuwa akilala naye kitanda kimoja na kumwagiza chai. Alimchukia, akaona aibu, na chuki ikarudi, ikamkaa.

"Mama," Nathaniel akasema, "mimi hayo siamini. Lakini huwezi kukaa hapa peke yako. Twende Geita. Mkweo Queen atakutandikia sebuleni." Akaenda kumchukulia begi lake. Rebeka alimtazama. Kijana wa hati na sheria alifika mlango wa mbele, akasita, akazunguka nyumba nzima kupitia mlango wa jikoni. Aliporudi na begi, alimnyooshea mama yake mkono ili amwinue pale juu ya jiwe.

Mtoto wa kwanza. Hata mwenyewe hakujua anafanya nini.

Rebeka hakuushika. "Nenda, mwanangu," alisema. "Watoto wako wanakungoja. Mimi nipo." Nathaniel alibembeleza mpaka akachoka, akaondoka akigeuka nyuma kila alipokanyaga.

Akabaki. Sheria ilikuwa yake, hati ilikuwa yake, na hakuna mtu duniani aliyekuja kumtoa. Alifagia. Alipika uji kidogo jikoni akaunywa amesimama. Alipopita sebuleni alipita kando ya ukuta, na akajikuta anatembea kwa ncha za vidole, kama mtumishi anayeogopa kumwamsha tajiri wake. Alipokohoa, kikohozi kilirudi kutoka juu, na alisimama akakisikiliza hadi kikaisha.

Siku ya tatu jirani yake Gladness alipanda mawe na bakuli la viazi, akasimama mlango wa mbele.

"Hodi! Hodi hapa kwa Mama Nathaniel!"

Rebeka alikuwa ndani, hatua chache tu kutoka mlangoni. Alivuta pumzi ajibu, kama alivyojibu maelfu ya hodi tangu nyumba hiyo ipauliwe. Lakini hodi huitikiwa na mwenye nyumba, na yeye alisimama pale kando ya ukuta, anangoja, kana kwamba kuna mwingine anayepaswa kuitikia kwanza.

"Hodi jamani! Hamna watu?"

Alitoka nje, akaufunga mlango nyuma yake, akampokea mgeni bakuli. "Tukae hapa nje, mwenzangu," alisema. "Ndani kuna mwenyewe."